Sweta Wakati wa Kiangazi

Hakimu ana karatasi nyingi mbele yake na anasoma haraka, kama mtu aliyechelewa chakula cha mchana. Msichana ameshtakiwa kwa kuiba sweta la mfanyakazi mwenzake. Amekiri, kwa hiyo kesi haina mvutano, ila kuna jambo dogo linalomkera hakimu: siku za wizi huo kulikuwa na joto. Sweta la nini wakati wa kiangazi? Msichana anajibu kwamba yeye huona baridi hata kiangazi. Hakimu anamtazama kidogo, kisha anarudi kwenye karatasi zake.

Jibu hilo linapita upesi sana. Ukiinama kuokota kalamu, limekupita.

Hakimu huyo na msichana wamo katika filamu inayoitwa Abschied von gestern. Kwa Kiswahili ningeiita Kuagana na Jana. Aliitengeneza Alexander Kluge mwaka 1966, kwa rangi nyeusi na nyeupe, na haifiki hata saa moja na nusu. Mara ya kwanza niliitazama Leipzig, nilipokuwa mwanafunzi kwa miaka miwili, kwenye ukumbi wenye viti vya kukunja na bomba la joto lililokuwa likikohoa ukutani. Kijerumani changu kilikuwa cha kuombea maji na nusu ya maneno yalinipita, lakini jibu la baridi nililielewa lote. Mimi mwenyewe nilikuwa nimelitoa Julai ya mwaka huo, jikoni kwenye nyumba tuliyopanga, mwenzangu aliponikuta nakunywa chai na mtandio mabegani wakati yeye yuko kifua wazi. Alicheka. Nami nikacheka, maana ningefanyaje? Baridi ile haikuwa ya hewa, na Kijerumani cha kulieleza hilo sikuwa nacho.

Tangu hapo nimeitazama mara tatu zaidi, ya mwisho nyumbani Tanga, na kila mara hunirudisha kwenye jambo moja ambalo halihusiani na Ujerumani hata kidogo. Nitalifikia.

Msichana anaitwa Anita G. Amezaliwa Leipzig mwaka 1937 katika familia ya Kiyahudi, na anayejua historia ya karne iliyopita atajua kuzaliwa Myahudi Leipzig mwaka ule kulimaanisha nini. Anita amepona. Amekulia Ujerumani Mashariki, na mwaka 1957 akavuka kwenda Magharibi. Ukuta wa Berlin ulikuwa bado haujajengwa, ulikuja Agosti 1961, na kabla ya hapo watu zaidi ya milioni mbili na nusu walikuwa wamekwishahama kutoka Mashariki. Wengi walipitia Berlin, ambako mtu aliweza kupanda treni ya mjini upande mmoja akashukia upande wa pili. Bibi mmoja mjane aliyekaa chini ya chumba changu alinieleza jambo ambalo sikuliona kitabuni: mtu aliyeondoka jumla hakubeba begi kubwa, maana begi kubwa lilikuwa ushahidi. Ulivaa nguo mbili mbili, ukabeba mkoba wa mtu anayekwenda kumwamkia shangazi, ukaacha vyombo vya asubuhi mezani. Alinieleza haya huku akinimenyea tufaha kwa kisu, ganda likishuka refu bila kukatika. Kuna mtu kwao aliondoka hivyo. Sikuuliza ni nani.

Basi nilipomwona Anita akitembea na sanduku lake kutoka mtaa hadi mtaa, nililitazama lile sanduku kwa namna nyingine. Limekuwa kubwa kidogo. Hana tena wa kumficha safari yake, na hana pa kuliweka.

Baada ya kesi ya sweta anakabidhiwa kwa afisa uangalizi, mama mwema wa maneno ya dini, anayemfundisha kusali na kuwa msafi. Anita anamtoroka. Anahamia mji mwingine, anapata kazi ya kuuza santuri za kujifunzia lugha za kigeni, kazi ninayoiona ni mzaha mkubwa wa Kluge: mtu asiyeweza kujieleza kwa lugha yake mwenyewe anauza lugha za watu mlango kwa mlango. Anakuwa hawara wa bosi wake. Mke anapojua, bosi anamshtaki Anita polisi ili nyumba yake itulie. Anakuwa mhudumu wa vyumba hotelini, anasingiziwa wizi, safari hii akiwa hana kosa, anaondoka. Anakwenda chuo kikuu Frankfurt akitaka kusoma, lakini hana hata pa kukaa, na msomi anayemwendea kwa ushauri anamjibu kwa maneno ya vitabuni yasiyolisha wala kulaza. Hatimaye anampenda Pichota, mtu mzima mwenye mke na cheo katika wizara ya utamaduni. Pichota anamfundisha. Anampa mimba. Anarudi kwa mkewe. Anita anabaki na sanduku, baridi na tumbo, na mwisho anajipeleka polisi mwenyewe. Anajifungua gerezani.

Nimesimulia kama hadithi iliyonyooka, nami nimedanganya. Kwenye filamu hakuna kilichonyooka. Tukio linaanza katikati na kukatwa kabla halijaisha. Kiwambo kinajaa maandishi meupe kama yale ya filamu zisizo na sauti. Muziki wa dansi wa zamani unapigwa mahali ambapo wewe ungetarajia kilio. Magari na mitaa vinakimbizwa kasi kuliko macho. Picha za zamani za familia zinaingia bila salamu, zinatoka bila kwaheri. Kuna hata kitabu cha watoto chenye picha za mnyama wa kale aliyefanana na tembo, na sitajifanya kwamba kipande hicho kinanigusa. Kuna sehemu, nakiri, ambapo naona mtu mwenye akili nyingi anayefurahia akili zake huku sisi tukisubiri. Filamu ya majaribio ina ugonjwa huo. Lakini Kluge amesema mara nyingi kwamba filamu hutengenezwa kichwani mwa mtazamaji, katika nafasi iliyoachwa baina ya picha na picha, na kwa Anita jambo hilo lina maana ya kawaida kabisa. Mtu anayehamahama maisha yake hukatwakatwa hivyo. Ulikuwa na chumba, sasa huna. Kilichotokea katikati ni mambo ya wenye nyumba.

Wachambuzi humwita Anita neno ambalo kwa Kiswahili lingekuwa mzururaji. Nilipoanza kuandika haya nililitumia, kisha nikalifuta. Mzururaji kwetu ananuka polisi. Ni mtu wa kuzolewa usiku na gari, aulizwe kazi yake na kwao ni wapi. Waliokuwa Dar es Salaam mwaka 1983, wakati wa kampeni ya Nguvu Kazi, wanajua jinsi neno hilo lilivyoweza kumpandisha mtu lori na kumpeleka shamba asilolijua. Mzururaji ni jina analopewa anayetembea na aliyekaa. Ukimtazama Anita vizuri hazururi hata kidogo. Kila anapokwenda anakwenda mahali: kazini, chuoni, kwa mpenzi, kwa mwenye nyumba. Anafukuzwa na pale alipofika, basi.

Kluge aliyajua mafaili kabla ya kuijua kamera. Alisomea sheria, akafanya kazi karibu na mwanafalsafa Theodor Adorno kule Frankfurt, na Anita alizaliwa kwanza kama kisa katika kitabu chake cha mwaka 1962, kilichoandikwa kwa lugha kavu ya ofisini. Hata jina, Anita G., ni la kwenye taarifa za mahakama, jina la ukoo limekatwa likabaki herufi moja. Mwaka huohuo, tarehe 28 Februari, alikuwa miongoni mwa vijana 26 waliotangaza mjini Oberhausen kwamba sinema ya zamani ya Kijerumani imekufa na wao wataanzisha mpya. Vijana husema hivyo. Tofauti ni kwamba yeye alikuja kuitengeneza, na tamasha la filamu la Venice likampa Simba wa Fedha. Anita akachezwa na Alexandra, dada wa Kluge wa tumbo moja, ambaye kwa kusomea alikuwa daktari. Huigizi hivyo kwa kufundishwa. Anapohojiwa na mkubwa yeyote, uso wake huanza kutabasamu kabla ya wakati, kama mtoto anayekisia jibu ambalo mwalimu analitaka.

Kitu kimoja zaidi kuhusu Kluge, kisha nimwache. Alikuwa na miaka 13 tarehe 8 Aprili 1945, ndege za Marekani zilipouangamiza mji wake wa Halberstadt, mwezi mmoja tu kabla ya vita kwisha. Nyumba yao iliungua. Alipokuja kuiandika siku hiyo, zaidi ya miaka thelathini baadaye, alianzia kwenye jumba la sinema: mama msimamizi wa jumba lile, bomu limekwishapiga ukuta, anashika koleo ajaribu kuondoa kifusi ili onyesho la mchana lisiharibike. Watu wamekufa na mji unaungua, yeye anawaza onyesho la saa nane. Nikisoma hapo sicheki. Mtu aliyepigwa vile hushika kile anachojua kukishika. Anaweza kushika koleo. Anaweza kushika sweta la mwenzake.

Na hapo ndipo hakimu wa kwenye filamu anapokosea, kwa sentensi ambayo nadhani ndiyo iliyofanya filamu nzima itengenezwe. Habari za familia ya Anita zimo kwenye faili. Za miaka ya vita zimo. Hakimu anazigusa na kuziweka kando: wakati ule mshtakiwa alikuwa mtoto, na uzoefu unaonyesha kwamba mambo ya umri huo hayaachi athari. Anasema bila ukali. Anayesema ni mwigizaji, lakini Ujerumani Magharibi ya miaka ile ilikuwa na mahakimu wengi waliohukumu chini ya Hitler kisha wakabaki kwenye viti vyao, na watazamaji wa 1966 walilijua hilo bila kuambiwa. Tena walijua kwamba mjini Frankfurt, kuanzia Desemba 1963 hadi Agosti 1965, watumishi wa kambi ya Auschwitz walikuwa kizimbani, na mashahidi zaidi ya 350 walisikilizwa. Watu wazima walisimama mbele ya mahakama wakatetemeka kwa mambo ya miaka ishirini nyuma. Uzoefu upi huo unaoonyesha kwamba hayaachi athari?

Mtu aliyesukuma kesi ile ifike mahakamani, Fritz Bauer, yumo ndani ya filamu, si mwigizaji, ni yeye mwenyewe. Mwendesha mashtaka mkuu wa jimbo la Hesse, Myahudi aliyefungwa kambini mwaka 1933, akakimbilia Denmark kisha Sweden, akarudi mwaka 1949 kuitumikia sheria ya nchi iliyomfukuza. Nywele nyeupe zimesimama. Anazungumzia jinsi chumba cha mahakama kilivyopangwa, hakimu juu na mshtakiwa chini, na kwamba yeye angependa waketi pamoja kwenye meza ya duara, watafute ukweli wakiwa wanatazamana. Anita hapati kuketi kwenye meza hiyo. Bauer alifariki mwaka 1968, miaka miwili baada ya filamu, na meza za mahakama zilibaki zilivyo.

Meza ya duara. Mara ya tatu kuitazama filamu hii nilikuwa peke yangu, na Bauer aliposema kuhusu meza nilisimamisha picha nikaenda kusimama dirishani.

Nilikuwa na miaka kumi na tatu. Tulikaa Ngamiani, hapa Tanga, nyumba ya vyumba vinne na ua, baba alikuwa amefariki miaka miwili nyuma. Saa yake ya mkononi mama aliihifadhi kabatini, kwenye kopo la biskuti pamoja na vifungo na nyuzi za cherehani. Ilikuwa imekufa. Ilisimama saa tatu na dakika kumi, sijui ya asubuhi au ya usiku, na hakuna aliyeipeleka kwa fundi, maana kuipeleka kwa fundi kungekuwa na maana ambayo mama hakuitaka.

Dada wa kazi tuliyekuwa naye alitoka milimani, upande wa Lushoto. Alinizidi miaka miwili au mitatu. Tulimwita Zaina. Alipika vizuri, alifua vizuri, alisema kidogo, na usiku alilala kwenye mkeka chumba kimoja na sisi watoto. Siku moja mama akafungua kopo kutafuta kifungo, saa hamna. Mimi ndiye niliyeipata. Nilikwenda moja kwa moja kwenye begi la Zaina, bila kutumwa na mtu, nikapekua, na saa ilikuwa chini kabisa, imeviringishwa kwenye kipande cha kanga. Nakumbuka furaha niliyoisikia. Niliibeba kwa mikono miwili kama mtu aliyeokota yai.

Mjomba aliitwa. Baada ya isha wakakaa sebuleni: mjomba kwenye kiti cha baba, mama, shangazi, na mimi shahidi, nimesimama karibu na mlango. Zaina aliwekwa chini, kwenye busati. Mjomba hakuwa mtu mkali. Aliigeuza saa mkononi, akaipeleka kwenye taa, kisha akacheka kidogo.

"Hebu nieleze, binti. Saa yenyewe haitembei. Ulitaka ikusaidie nini?"

Zaina akanyamaza.

"Ungeiuza? Nani anunue mzoga?"

"Sikutaka kuiuza, mjomba."

"Bali?"

"Naisikiliza."

Shangazi akasema, "Unaisikiliza nini?"

"Usiku. Nikilala naiweka sikioni."

"Lakini haina sauti," mjomba akasema, na sasa alikuwa anatutazama sisi, si yeye.

"Najua," Zaina akasema.

Hapo watu wakacheka. Nami nikacheka. Mjomba akamgeukia mama akamwuliza, kwa sauti ya chini ambayo wote tuliisikia, kama huyu mtoto akili zake ni nzima. Kesho yake alfajiri Zaina alipandishwa basi la Lushoto, nauli ikakatwa kwenye mshahara wake, na mama akanisifu mbele ya wageni kwamba nina macho.

Ndilo jambo nililosema nitalifikia. Sina la kujitetea kwa umri, maana kama hakimu wa Kluge nami ningesema kwamba mambo ya umri ule hayaachi athari, ingekuwa ni kujiachia mwenyewe kwa hoja ileile. Kinachonisumbua si kwamba tulimkuta na hatia. Saa aliichukua. Kinachonisumbua ni kwamba tulimwuliza kwa nini, naye akatujibu. Alitupa jibu la kweli, la ajabu, jibu ambalo mtu halitungi, na tukalitupa kwa sababu halikuwa na mahali pa kukaa katika maswali yetu. Tulikuwa na nafasi ya tamaa, nafasi ya njaa, nafasi ya ukorofi. Angesema alitaka kuiuza anunue viatu, tungemwelewa, pengine mama angemsamehe.

Nimekuwa mwalimu wa sekondari sasa miaka kadhaa, na kiti cha mjomba mara nyingi nimekalia mimi. Mwanafunzi anachelewa, anatoroka, anavunja kioo. Namwuliza kwa nini. Zamani nilikuwa najua swali langu linataka nini kabla sijalimaliza. Siku hizi likija jibu lisilokaa sawa, najaribu kulitamka tena taratibu, kama mtu anayeandika imla. "Unasema hukuja kwa sababu mvua iliacha kunyesha." Ndiyo, mwalimu. Nangoja. Mara nyingi hakuna kinachofuata, kengele inalia, na adhabu inabaki ileile. Sisemi nimekuwa hakimu bora. Ninachoweza kusema ni kwamba yule wa mvua, nilipongoja, alinieleza kuwa nyumba yao inavuja, na mvua ikinyesha hakuna anayelala. Ilipokatika alfajiri ndipo wote walipopata usingizi.

Pichota naye anangoja, kwa namna yake. Huyu bwana wa wizarani ndiye ninayemwogopa zaidi katika filamu nzima, kwa kuwa ni mpole na amesoma. Haridhiki na Anita alivyo. Anamsomea vitabu, anamfanyisha mazoezi ya kuimba opera ya Verdi, kitandani wanajadili kisa kifupi cha mwandishi Brecht. Katika kisa hicho bwana mmoja anaulizwa hufanya nini akimpenda mtu. Anajibu kwamba humchora, kisha huhakikisha vinafanana. Anaulizwa: yaani mchoro ufanane na mtu? Hapana, mtu afanane na mchoro. Anita anajaribu kulielewa jambo hilo kwa bidii ya mwanafunzi, uso wake unatabasamu kabla ya wakati, na Pichota anaridhika kama mwalimu. Wala haoni kwamba penseli imo mkononi mwake.

Kuna ofisi moja kule Ujerumani, sitaitaja na haina haja, ambako nilikwenda kuongezewa muda wa kuishi. Mtumishi alikuwa na faili langu na alilisoma huku nikiwa nimekaa mbele yake. Akataka kujua kwa nini nilihama chumba cha kwanza baada ya miezi miwili tu. Nikasema kulikuwa kimya mno. Akasubiri niseme sababu. Nikarudia. Akaandika kitu, na nilipotupia jicho niliona neno la Kijerumani lenye maana ya gharama, kodi ilikuwa juu, akanigeuzia karatasi nisaini. Nikasaini. Mhuri wa mwaka mmoja zaidi ulikuwa jambo la kushangilia, na usiku ule nilipika pilau. Mpaka leo katika kabati la chuma kule nimehama kwa sababu ya kodi.

Mwaka jana nilimsimulia mama filamu hii. Tulikuwa barazani, yeye na ungo wa mchele, mimi na kikombe cha kahawa, jua limekwishageuka. Mama ana miaka themanini na zaidi na hapendi hadithi za watu wasiokula vizuri, lakini alisikiliza mpaka mwisho. Akaniuliza swali moja tu.

"Na mtoto, walimpeleka wapi?"

Nikamwambia filamu inamwacha mama gerezani.

"Wamezoea," mama akasema. Akapepeta mara mbili tatu, akatoa kijiwe, akakitupa uani. Kisha, kama anayeendelea na maneno yaleyale, "Nimemkumbuka yule binti wa saa ya baba yako."

"Zaina," nikasema. Miaka yote hiyo hatukuwahi kumtaja.

"Zaina alikuwa yule wa kwanza, aliyekwenda kuolewa Muheza. Huyu wa saa alipokuja tulikuwa tumeshazoea kuita Zaina, tukaendelea nalo."

Nilisubiri kidogo.

"La kwake lilikuwa nani, mama?"

Mkono wake ukasimama juu ya mchele. Alitazama mlangoni, pale kwenye kizingiti ambapo wageni huvulia viatu.

"Alilisema," akajibu. "Siku aliyofika. Alisimama pale na begi lake, akaamkia, akalisema."

Akaunyanyua ungo, akaanza tena kupepeta.